Maji ya moto ya Howe Bridge

SEHEMU YA 1

Watoto wamelala? Wa kwangu leo kalala saa mbili kamili, sijui nimshukuru nani. Basi ngoja nikae nitimize ahadi.

Wiki iliyopita niliandika kuhusu watoto kuungua na maji ya moto, na inbox ikajaa. Dada mmoja akaniuliza swali ambalo limenikaa kichwani mpaka leo: "Nesi, hivi huko Ulaya nako watoto wanaungua na maji ya kuoga, au ni sisi tu wa majiko ya mkaa?"

Nimefanya kazi wodi ya watoto nyumbani Tanzania miaka sita kabla ya kuja huku. Kila nesi wa wodi ya watoto anaijua hadithi, ni ileile, yanabadilika majina tu. Baba karudi kazini. Mama kabandika sufuria. Kayamimina kwenye beseni, kageuka kuchota ya baridi, mtoto wa mwaka mmoja na nusu kashika ukingo wa beseni asimame. Basi.

Jibu langu kwa huyo dada ni refu, kwa sababu mtaa ninaoishi sasa umejengwa juu ya hadithi hiyohiyo. Sifanyi utani. Nitaliandika kwa vipande, usome ukipata nafasi, hata ukiwa unanyonyesha.

SEHEMU YA 2

Naishi Atherton, mji mdogo kaskazini-magharibi mwa Uingereza, kati ya Bolton, Leigh na Wigan. Wazee wa hapa bado wanauita Chowbent. Ukitoka katikati ya mji kuelekea Leigh unapita nyumba za matofali mekundu, zimepangwa mstari mmoja, nadhifu, kila moja na kijibustani mbele. Ukiwa kwenye basi hujui kama umevuka mpaka wowote. Mji umeendelea tu, duka, kanisa, kituo cha basi. Lakini pale ulipopita ni Howe Bridge, na zamani kilikuwa kijiji kinachojitegemea. Kijiji cha wachimba makaa ya mawe.

Nifafanue kwanza, maana najua nyumbani tukisema makaa mtu anafikiria gunia la mkaa. Hapa nazungumzia makaa ya mawe, jiwe jeusi linalochimbwa chini kabisa ya ardhi. Ndiyo yaliyoendesha viwanda vya pamba vya Manchester na Bolton, treni, meli, na moto wa kila jikoni. Familia ya Fletcher ilichimba makaa Atherton tangu karne ya 18, na baadaye kampuni ikaitwa Fletcher, Burrows. Ilikuwa na migodi mitatu mikubwa: Gibfield, Chanters na huu wa Howe Bridge.

Miaka ya 1870 kampuni ikawajengea wafanyakazi wake kijiji kando ya Leigh Road: nyumba, maduka, klabu ya kijiji, hata bafu la kijiji. Kanisa la Mtakatifu Mikaeli na Malaika Wote lilijengwa hapo kati ya 1875 na 1877. Kwa wakati ule zilikuwa nyumba bora kuliko za wachimbaji wengi, na ndiyo maana leo eneo lile linahifadhiwa kisheria. Sitaki kuwasifia sana mabwana wenye mali, walikuwa wanataka wafanyakazi wasiohama. Lakini ukweli ni ukweli, walijenga vizuri.

SEHEMU YA 3

Kabla ya kijiji hicho kujengwa, wanawake wenyewe walikuwa chini ya ardhi.

Mwaka 1842 serikali ilitoa ripoti kuhusu watoto wanaofanya kazi migodini, na Uingereza nzima ikashtuka. Kati ya waliohojiwa alikuwepo mama mmoja wa Little Bolton, jirani tu na hapa, jina lake Betty Harris, umri miaka 37. Alieleza kwamba kazi yake ni kuvuta mikokoteni ya makaa kwenye njia za chini, akitambaa kwa mikono na miguu, mkanda kiunoni na mnyororo unaopita katikati ya mapaja. Akasema mnyororo huo unaumiza zaidi ukiwa mjamzito.

Nilisoma hapo nikafunga simu. Mimi nilipokuwa na mimba ya miezi saba nilikuwa nalalamika viti vya chumba cha chai vigumu.

Mwaka huohuo ikapitishwa sheria: mwanamke yeyote, na mvulana aliye chini ya miaka 10, marufuku kufanya kazi chini ya mgodi. Chini ya miaka 10, umesoma vizuri. Wa miaka 10 aliendelea kushuka.

Wanawake hawakuacha kazi, walipanda juu tu. Katika eneo hili la Wigan wakawa maarufu kwa kuchambua makaa juu ya mgodi, kutoa mawe yasiyowaka, kusukuma mikokoteni, wamevaa suruali na vilemba. Mwaka 1887 wanasiasa walitaka kuwaondoa na hapo pia, eti kazi haiwafai wanawake. Wanawake wakapanda treni hadi London kumwona waziri, na meya wa Wigan akaenda nao. Wakashinda. Mimi nawapenda hawa dada bila kuwajua.

SEHEMU YA 4

Sasa tuingie ndani ya nyumba. Hapa nitakaa kidogo.

Mchimbaji alirudi nyumbani mweusi. Usifikirie vumbi la barabarani. Vumbi la makaa limegandana na jasho, liko masikioni, puani, kwenye kope, kwenye kila mkunjo. Mgodini hapakuwa na mahali pa kuoga. Alitembea hivyohivyo na nguo zake zimelowa, wakati wa baridi mnajua baridi ya huku, akaingia jikoni kwake. Na jikoni ndiko kulikokuwa na moto, chakula, watoto na beseni.

Beseni lenyewe lilikuwa la bati, refu, linalala sakafuni mbele ya moto. Lisipotumika lilining'inizwa kwenye msumari ukutani nje. Maji yalichemshwa kwenye sufuria kubwa au kwenye chungu cha chuma kilichojengewa kando ya moto, kisha yanachotwa kwa ndoo.

Tupige hesabu ya kinesi. Tuseme beseni linahitaji ndoo tano za lita kumi. Hizo ni kilo 50 za kuingiza, na akimaliza kuoga ni kilo 50 za kutoa, maana beseni halina bomba la kumwagia. Kwa mtu mmoja, kilo 100. Nyumba nyingi zilikuwa na baba na vijana wawili watatu wa kiume wanaoshuka mgodini. Wakibadilishiwa maji, watatu ni kilo 300 kwa siku. Wakichangia maji, wa mwisho anaoga tope, na mama anamwaga tope.

Na si kwamba wanarudi wote saa moja. Zamu zinatofautiana. Baba ametoka alfajiri anarudi mchana, kijana mmoja anarudi usiku, mwingine anaondoka saa hiyohiyo. Kila mmoja anataka maji, chakula cha moto, nguo kavu. Wenzangu tunaofanya zamu tunajua zamu moja inavyochosha. Huyu mama alifanya zamu zote.

Nguo ndo usiseme. Zinapigwa ukutani nje ili vumbi litoke, halafu zinatandazwa mbele ya moto zikauke kwa ajili ya kesho. Zinakaukia chumba kilekile anachotambaa mtoto. Mvuke, unyevu, vumbi jeusi. Mimi kama nesi nikilifikiria lile jiko naona kifua cha mtoto mchanga kabla sijaona kitu kingine.

SEHEMU YA 5

Huyo mama wa zamu zote mara nyingi alikuwa mjamzito.

Kubeba vitu vizito ukiwa na mimba, kuinama na kunyanyuka, kuinama na kunyanyuka, mchana na usiku, siku sita kwa wiki. Wakunga wa wakati ule waliyaona matokeo: mimba kuharibika, watoto kuzaliwa kabla ya wakati, kizazi kushuka. Hawakuhitaji mashine kuligundua. Waliingia nyumba kwa nyumba wakaona ndoo.

Halafu watoto. Dada yangu uliyeuliza, hili ndilo jibu lako. Ndiyo, waliungua. Sufuria ya maji yanayochemka inapita kutoka motoni hadi kwenye beseni lililo sakafuni, katika chumba kidogo, na mtoto anayejifunza kutembea yuko katikati ya njia. Kule Wales ya Kusini, ambako nako kulikuwa na migodi mingi, ofisa anayechunguza vifo vya ghafla alinukuliwa akisema kwamba majira ya baridi alikuwa anashughulikia vifo vingi zaidi vya watoto wa wachimbaji walioungua na maji au moto kuliko vifo vya wachimbaji wenyewe chini ya ardhi.

Soma tena taratibu. Mgodi uliua watoto ambao hawakuwahi kuushuka.

Nisipoandika hapa jambo la huduma ya kwanza nitakuwa sijafanya kazi yangu, nisameheni nikitoka nje ya hadithi kidogo. Mtoto akiungua na maji: mtoe kwenye chanzo cha joto, mvue nguo na nepi haraka isipokuwa iliyogandia kwenye ngozi, weka sehemu iliyoungua chini ya maji ya bomba ya baridi yanayotiririka kwa dakika 20. Ishirini, angalia saa, usikisie. Sehemu nyingine ya mwili ifunikwe asipate baridi. Kisha funika kidonda na kitambaa safi, mpeleke hospitali. Si barafu. Si dawa ya meno. Si yai, si unga, si asali, si mafuta ya taa. Nimekaa na kibano nikitoa dawa ya meno iliyokaukia kwenye kidonda cha mtoto, huku mtoto analia na bibi yake analia, na bibi aliipaka kwa upendo kabisa. Na ukiandaa maji ya kuoga, beseni lianze na maji ya BARIDI, ya moto yafuate. Siku zote.

Haya, turudi Howe Bridge.

SEHEMU YA 6

Desemba 21, 1910, siku nne kabla ya Krismasi. Saa mbili kasoro dakika kumi asubuhi gesi ililipuka kwenye mgodi wa Pretoria, uliokuwa kati ya Atherton na Westhoughton. Huo haukuwa wa akina Fletcher, ulikuwa wa kampuni nyingine, lakini ni jirani kabisa. Walikufa wanaume na wavulana 344. Wapo waliokuwa na miaka 13.

Waliokwenda kuwatafuta walitoka Howe Bridge. Mwaka 1908 wenye migodi wa Lancashire na Cheshire walifungua hapa kituo cha uokoaji, cha kwanza Lancashire. Wanaume wa migodini walifundishwa kuvaa vifaa vya kupumulia na kuingia mahali ambapo hewa imeshakuwa sumu. Wengi wa waliokufa Pretoria hawakuuawa na moto, waliuawa na ile hewa inayobaki baada ya mlipuko, kaboni monoksaidi, ileile inayoua watu nyumbani kwetu wanaolala na jiko la mkaa ndani. Haina harufu, unasinzia tu.

Mama mmoja wa Westhoughton alipoteza siku hiyo mume wake, wanawe wanne na kaka zake wawili. Watu saba. Jana yake usiku alikuwa na nyumba imejaa watu wa kuogeshewa maji.

Sitasema zaidi hapo.

SEHEMU YA 7

Mwaka 1911 Bunge likatunga sheria mpya ya migodi, ndefu sana, na ndani yake kukawa na kipengele kuhusu mabafu. Wengi walijua tayari kwamba inawezekana. Ujerumani, Ubelgiji na Ufaransa wachimbaji walikuwa wanaoga mgodini kabla ya kurudi nyumbani. Kwa hiyo sheria ikasema hivi: wafanyakazi wa mgodi wapige kura. Theluthi mbili wakikubali, na wakikubali kulipa nusu ya gharama za uendeshaji, basi mwenye mgodi atajenga bafu. Na gharama zikizidi peni 3 kwa wiki kwa kila mtu, mwenye mgodi halazimiki.

Mmeona kitu hapo? Wapiga kura ni wafanyakazi. Anayebeba maji hayumo.

Na sehemu nyingi wanaume walikataa. Usicheke, sababu zao zilikuwa hizi: kuosha mgongo kila siku kunadhoofisha uti wa mgongo, ukitoka kwenye maji ya moto ukatembea kwenye baridi utapata homa ya mapafu, na aibu ya kuvua nguo mbele ya wenzako, labda mbele ya baba mkwe. Hiyo ya mwisho mimi naielewa kabisa. Ile ya mgongo ilikuwa imani ya watu wazima wenye akili zao, na palikuwa na wachimbaji ambao migongo yao ilikaa bila kuoshwa makusudi. Peni nazo zilikuwa peni, tusiwaonee. Mtu anayehesabu mkate hawezi kulipia maji ambayo nyumbani anaogeshewa bure.

Bure. Hilo neno ndilo tatizo lote. Maji yalionekana ya bure kwa sababu hakuna aliyemlipa mama.

Lakini hapa Atherton mambo yalikwenda tofauti. Kampuni ya Fletcher, Burrows ilijenga bafu kwenye mgodi wa Gibfield, na likafunguliwa mwaka 1913. Lilikuwa bafu la kwanza la mgodini Uingereza nzima. Si London, si kwa matajiri. Ni hapa, ninapopita nikienda kununua maziwa.

Wazo la mabafu hayo ya mwanzo lilikuwa rahisi na la akili. Mtu anapanda juu kutoka mgodini, anavua nguo chafu, anazitundika kwenye kulabu, anavuta mnyororo na nguo zinapaa hadi darini kwenye hewa ya moto. Zinakaukia huko, mbali na mtoto wa mtu. Anaoga kwa maji yanayotoka juu, anavaa nguo safi, anarudi nyumbani kama karani. Watu wa zamani wanasimulia wanawake waliokuwa hawawatambui waume zao barabarani. Sijui kama kuna hata moja la kweli, ila nalipenda.

Ufikirie mlango wa nyumba siku hiyo ya kwanza. Anaingia mtu msafi. Hakuna beseni sakafuni.

SEHEMU YA 8

Sehemu nyingine walisubiri sana. Vita vya 1914 vikaingia katikati. Mwaka 1918 wanawake wa Uingereza waliofikisha miaka 30, wale waliotimiza masharti, wakapata haki ya kupiga kura. Mwaka uliofuata, 1919, serikali ikaunda tume ya kuchunguza migodi chini ya Jaji John Sankey, ikakaa London kwenye jengo la Bunge. Wakaitwa wenye mali, mainjinia, viongozi wa vyama. Na safari hii wakaitwa pia wake za wachimbaji, watatu: Elizabeth Andrews kutoka bonde la Rhondda, Wales; Bi. Brown kutoka Uskoti, na Bi. Hart wa Wigan. Wigan hiyo hapo, ninaifikia kwa basi.

Nawaza walivyokaa. Wanawake ambao asubuhi ile kuna jirani aliyewashikia ndoo zao ili wapande treni, wamekaa mbele ya jaji na mabwana wenye migodi, wanaulizwa maji yanachemshwa wapi na nguo zinakaushwa wapi. Bi. Andrews aliwaeleza maneno ya mkunga wa kwao, mwenye uzoefu wa miaka mingi: kwamba uzazi wa kabla ya wakati na magonjwa makubwa ya wanawake katika eneo lake, sehemu kubwa vilitokana na kunyanyua yale mabeseni na masufuria. Mkunga hakuwa na takwimu za kwenye karatasi. Alikuwa na kumbukumbu ya vitanda alivyosimama kando yake, na mwenzake akaipeleka London.

Mimi ni nesi wa stashahada. Kwenye mikutano mara nyingi wanaozungumza ni wengine. Kwa hiyo huyo mkunga asiyetajwa jina nimemweka moyoni.

Mwaka 1920 likaanzishwa fungo la ustawi wa wachimbaji, peni moja kwa kila tani ya makaa, na mwaka 1926 sheria nyingine ikaongeza fedha kwa ajili ya mabafu hasa. Ndipo yakajengwa kwa mamia, yenye madirisha makubwa, na makabati mawili kwa kila mtu, moja la nguo chafu na moja la nguo safi. Hata hivyo serikali ilipoichukua migodi Januari 1, 1947, bado ipo migodi ambayo watu wake walirudi nyumbani weusi. Miaka 34 baada ya Gibfield.

SEHEMU YA 9, ya mwisho

Mgodi wa Howe Bridge ulifungwa mwaka 1959. Stesheni ya treni ya Howe Bridge ikafungwa mwaka huohuo. Gibfield ikafuata 1963, Chanters 1966. Mwaka 1974 Atherton nzima ikaingizwa kwenye manispaa ya Wigan. Kijiji hakikuhama wala kubomolewa. Mji uliendelea kukua pembeni yake mpaka ukakizunguka, na siku hizi ukimuuliza kijana anaishi wapi atakwambia Atherton. Wazee ndio wanaosema Howe Bridge.

Jirani yangu mmoja ni wa namna hiyo. Ana miaka zaidi ya themanini, mimi namwita bibi na kakubali, ingawa mwanzoni alishangaa kidogo. Baba yake alichimba makaa, si Gibfield, ni kwenye mgodi mdogo ambao bafu lilichelewa kufika. Wiki iliyopita, baada ya lile swali lenu, nilimpelekea maandazi nikamwuliza anakumbuka nini kuhusu beseni la bati.

Akasema anakumbuka sauti yake likishushwa kwenye msumari nje. Ikisikika tu, watoto wote wanapanda ngazi na kukaa, mmoja kila ngazi, mkubwa chini na mdogo juu, na hairuhusiwi kushuka mpaka mama aseme. Wanakaa pale wakisikiliza maji yanamiminwa. Akaniambia walikuwa wanaimba ili wasichoke kusubiri.

Nikamwuliza kwa nini mama yake aliweka sheria kali hivyo.

Hakujibu mara moja. Aliweka kikombe mezani, akavuta juu mkono wa sweta, wa kushoto, mpaka kwenye kiwiko. Kovu nilikuwa nalijua bila kuambiwa. Nimeyaona mengi, lile la maji linaloshuka kwa mistari kama limemwagwa. "Kabla ya mimi," akasema, "hapakuwa na sheria ya ngazi."

Kesho naingia zamu ya usiku. Maswali ya inbox nitajibu Jumamosi, na yule mama wa pacha aliyeuliza kuhusu joto la maji, nakumbuka, nitaanza na wewe.